Je, Wajua? Urujuani, Rangi Yenye Jina la Ua

Je, wajua kwamba Kiswahili kina neno la rangi lenye asili moja na jina la mti wa maua, na kwamba huku mpakani mwa Kenya na Uganda, Busia na Malaba, ni nadra kulisikia sokoni? Neno hilo ni urujuani. Nenda kwa muuza vitenge pale Busia umwombe kitenge cha urujuani. Huenda akakutolea cha samawati, kisha cha pinki, mwisho akuulize kama unataka ile papo, yaani “purple” ya Kiingereza. Ndiyo hiyo hiyo, mama. Ina jina, na jina hilo ni zuri.

Je, wajua kwamba neno hili limesafiri mbali kuliko lori lolote lililowahi kupanga foleni Malaba? Zaidi ya miaka 3,000 iliyopita, Waakadi wa Mesopotamia waliiita sufu iliyotiwa rangi hiyo argamannu. Waebrania wakasema argaman. Waajemi wanasema arghavan, Waturuki erguvan, Waarabu urjuwan. Waswahili wa pwani walilipokea kwa Waarabu, wakaongeza irabu mahali zilipokosekana ili ulimi upite bila kujikwaa, likawa u-ru-ju-a-ni. Kutoka Mombasa hadi Malaba ni zaidi ya kilomita 900 za barabara. Vitabu vya shule vimelifikisha hadi huku, ila vinywani halijazoeleka.

Je, wajua huo mti wenyewe? Kwa Kiajemi, arghavan ni jina la mti na ni jina la rangi ya maua yake. Wataalamu wa mimea huuita Cercis siliquastrum. Ni mti mdogo unaoota Uturuki, Lebanoni, Iran na kandokando ya Bahari ya Kati. Una tabia ambayo mtu wa Busia ataielewa mara moja: kama fenesi linavyotoka moja kwa moja kwenye shina la mfenesi, maua ya arghavan hupasua gome na kuchanua juu ya shina na matawi makavu, kabla jani hata moja halijatokea. Mti mzima huonekana kama umevishwa nguo. Tena ni wa jamii ya mikunde, kwa hiyo ni ndugu wa mbali wa kunde, maharagwe na njugu zinazopimwa kwa gorogoro katika masoko yetu.

Iran kuna wasichana wanaoitwa Arghavan. Vivyo hivyo, pwani yetu ina akina Waridi na akina Yasmini.

Je, wajua kwamba rangi tatu tu za Kiswahili ndizo zenye shina la kivumishi linalopokea viambishi vya ngeli? Ni -eupe, -eusi na -ekundu: kitambaa cheupe, mashati meusi, ukuta mwekundu. Rangi nyingine nyingi Kiswahili hukopa kwenye vitu, kisha hutumia -a unganifu. Kijani kimetoka kwenye jani, manjano kwenye ile bizari ya kupikia, kahawia kwenye kahawa, kijivu kwenye majivu, waridi kwenye ua. Ndiyo maana tunasema kitenge cha urujuani, pazia la urujuani, viatu vya urujuani, mashati ya urujuani. Ukipenda kurefusha, sema pazia la rangi ya urujuani. Usiseme “pazia urujuani”, maana hapo umeacha daraja katikati ya mto. Na ile u- ya mwanzo ni sehemu ya neno lenyewe. Haidondoki kwenye wingi kama u- ya ukuta inavyodondoka kwenye kuta.

Je, wajua kwamba rangi hii hubadili jina ukivuka kizuizi? Upande huu, asiyesema papo atasema zambarau, kutokana na lile tunda jeusijeusi la mzambarau ambalo huacha ulimi wa mtoto umepakwa rangi, na mama hahitaji ushahidi mwingine kujua alikuwa wapi. Ng'ambo, Uganda, tunda hilo hilo huitwa jambula. Kwa Kiganda rangi yenyewe ni kakobe, na kkobe ni kile kiazi kikuu kinachozaa viazi vyake hewani, vikaning'inia kwenye mtambaazi. Mwajemi alitazama maua, Mswahili akatazama maua na tunda pia, na Kiganda kikawa na neno linalofanana na jina la kiazi. Mtu anayenunua nguo Busia ya Kenya na kuishonesha Busia ya Uganda anaweza kuitaja rangi moja kwa majina manne kabla ya chakula cha mchana.

Basi, je, zambarau na urujuani ni kitu kimoja? Kamusi nyingi huyaweka karibu, na katika mazungumzo hakuna atakayekukosoa. Mimi huyatenganisha, na sababu yangu ni upinde wa mvua. Watoto wa shule hufundishwa rangi saba: nyekundu, machungwa, manjano, kijani, buluu, nili, urujuani. Zambarau haimo. Urujuani ni mwanga halisi wenye nafasi yake, ukingo wa ndani kabisa wa upinde, wenye mawimbi mafupi kuliko yote ambayo jicho la binadamu huona. Zambarau, ile nzito inayoelekea wekundu, jicho hupata kuiona pale mwanga mwekundu na wa buluu vinapofika pamoja. Unaweza kuutazama upinde uliosimama juu ya milima ya Teso tangu mvua ianuke hadi utoweke, na zambarau hutaikuta. Lugha iliyo na maneno mawili kwa vitu viwili imepata bahati, na si vyema kulitupa moja.

Je, wajua kwamba neno hili limepata kazi ya kudumu katika fizikia? Baada ya urujuani kuna mwanga tusiouona, ambao mwanasayansi Johann Wilhelm Ritter aliugundua mwaka 1801 alipoona kwamba kemikali ya fedha huwa nyeusi haraka zaidi nje ya ukingo wa urujuani kuliko ndani yake. Kwa Kiswahili mwanga huo ni urujuanimno: neno letu la ua, likaongezewa “mno”. Sijui tafsiri ya kisayansi inayonipendeza kuliko hii. Ni urujuani uliopita kiasi, na hata mtu ambaye hakusoma fizikia anaanza kuelewa.

Busia iko takriban kilomita 50 tu kaskazini mwa ikweta, na urujuanimno hapa hushuka karibu wima saa za adhuhuri. Ndiyo maana mwenye ualbino anahitaji kofia pana, mikono mirefu na mafuta ya kukinga jua kila siku, hata siku ya mawingu, kwa sababu sehemu kubwa ya mionzi hiyo hupenya mawingu.

Na hapa ndipo neno linaporudi nyumbani kwake. Nyuki huuona urujuanimno. Maua mengi ambayo sisi huyaona yana rangi moja tu yana michoro ya urujuanimno kwenye petali, mistari au duara inayomwelekeza nyuki kwenye nekta. Jina la ua likaja kuwa jina la mwanga ambao maua huutumia kuzungumza na nyuki. Hakuna aliyelipanga hivyo.

Je, wajua unashika urujuani karibu kila siku? Tazama noti ya shilingi 100 ya Kenya. Kisha mwombe mbadilishaji fedha akuonyeshe noti ya shilingi 10,000 ya Uganda. Thamani zao hazilingani hata kidogo, ila zote mbili ni za ukoo huu wa rangi.

Je, wajua kwamba mwaka 1909 mkemia Paul Friedländer alitumia konokono wa baharini 12,000 kupata gramu 1.4 za rangi ya zambarau ya kale? Hiyo ndiyo rangi iliyoupa umaarufu mji wa Tiro, Lebanoni, na ndiyo iliyovaliwa na makaisari wa Roma. Lidia wa Matendo ya Mitume, mfanyabiashara mwanamke, aliuza bidhaa za rangi hiyo. Wanawake wanaovusha mitumba na vitenge pale Busia wana dada wa kale katika kazi yao.

Je, wajua kwamba malaria ndiyo iliyoishusha rangi hii hadi kwa watu wa kawaida? Mwaka 1856 kijana wa London mwenye umri wa miaka 18, William Henry Perkin, alijaribu kutengeneza kwinini, dawa ya malaria, maabarani. Dawa hiyo ilipatikana tu kwenye gome la mti wa Amerika ya Kusini. Kwinini hakuipata. Alipata masalia meusi ambayo, alipoyaosha kwa spiriti, yalitoa rangi ya urujuani iliyong'ang'ania hariri bila kuchuja. Rangi hiyo ikauzwa kwa jina la Kifaransa la ua jingine, mauve. Mmea huo ni wa jamii ya hibiskasi na bamia, na tena wa pamba, ile pamba iliyolimwa Samia na Teso na kupelekwa kwenye vinu kama cha Mulwanda. Kabla ya Perkin, urujuani wa kudumu ulikuwa wa wenye mali. Baada yake, ukawa wa kila mwenye nguo.

Januari 1858, Malkia Victoria alivaa gauni la rangi hiyo kwenye harusi ya binti yake mkubwa, na wanawake wa Ulaya wakaitaka wote. Agosti ya mwaka huo huo mpelelezi John Hanning Speke alifika kwenye ziwa letu, ambalo tayari lilikuwa na majina yake, akaliita kwa jina la malkia huyo. Port Victoria ya Bunyala inabeba jina hilo hadi leo.

Je, wajua kwamba katika Kanisa Katoliki padri huvaa rangi hii wakati wa Majilio na Kwaresima, lakini Jumapili ya tatu ya Majilio na ya nne ya Kwaresima anaruhusiwa kuvaa waridi? Siku mbili hizo ni za furaha katikati ya toba. Ukiwa kanisani Amagoro au Busia siku hiyo na ukaona kanzu imebadilika, ujue ua moja limelipisha jingine.

Je, wajua kwamba ua la urujuani linalojulikana zaidi na wavuvi wa Sio Port na Port Victoria ndilo linalowatesa zaidi? Ni ua la gugu maji. Mmea huu asili yake ni bonde la Amazoni. Ulionekana katika Ziwa Victoria mwishoni mwa miaka ya 1980 na kufikia miaka ya 1990 ulikuwa umefunga ghuba na bandari. Hali ikiwa nzuri huweza kujizidisha maradufu katika muda wa wiki mbili. Fukusi wadogo kutoka huko huko Amerika ya Kusini waliachiliwa ziwani miaka ya 1990 ili waule, na walisaidia, ingawa gugu bado hurudi. Mtumbwi ukinasa humo, injini haisaidii. Hata hivyo, litazame ua lake kwa haki: urujuani hafifu, na kwenye petali ya juu doa la manjano lililozungushiwa buluu iliyokoza.

Katika lugha nyingi za Ulaya gugu hilo limepewa jina la ua la Wagiriki, haisinthi, linalosimuliwa kuwa liliota pale damu ya kijana Hyakinthos ilipomwagika. Kutokana na ua hilo washairi wa Ulaya walipata kivumishi adimu sana, ambacho mara nyingi hakitaji rangi: kinasifu nywele zilizojikunja. Homer alizifananisha na ua hilo nywele za Odysseus, na John Milton akakitumia kivumishi hicho kwa nywele za Adamu katika utenzi wake wa mwaka 1667. Kwa kipimo hicho, kichwa cha mtoto yeyote wa Port Victoria, nywele zake zikiwa zimeachwa zijikunje zilivyoumbwa, kinastahili sifa aliyopewa shujaa wa Wagiriki.

Je, wajua kwamba Busia yenyewe imeipa dunia neno? Katika miaka ya 1960 na 1970 waendesha baiskeli walivusha abiria na mizigo katika ile nafasi kati ya vituo viwili vya mpaka, wakiita “boda, boda”. Leo neno hilo linatumika Kampala, Nairobi, Dar es Salaam na kwingineko. Mji ulioeneza boda boda kwa vinywa vya vijana wake unaweza kabisa kueneza urujuani kwa vinywa vya mafundi cherehani wake.

Je, wajua mahali pa karibu zaidi pa kuiona rangi hii? Ni shamba la viazi vitamu. Ua lake lina umbo la tarumbeta, pembeni limefifia hadi karibu kuwa jeupe, na ndani kooni ni urujuani uliokoza. Hufunguka alfajiri na kufikia adhuhuri limeshanyauka. Basi ukipita barabara ya Alupe kwenda Malaba asubuhi, jua bado halijawa kali, simama kidogo kando ya shamba, mwonyeshe mtoto ua hilo, na umtajie rangi yake kwa jina.