Mtulinga, Kidari na Kiungo Chake

Makala haya yanakusudia kueleza majina ya mifupa miwili ya mwili wa binadamu, na ya kiungo kinachoiunganisha. Mfasiri wa kijitabu cha huduma ya kwanza akiandika "mfupa wa bega umevunjika", msomaji hawezi kujua ni mfupa upi. Bega si mfupa, bali ni mahali panapokutana mifupa mitatu: mtulinga kwa mbele, kombe la bega kwa nyuma, na mfupa wa mkono wa juu. Vivyo hivyo "mfupa wa kifua" waweza kuwa ubavu, waweza kuwa kidari. Mifano yetu tumeichukua katika mwambao wa Ziwa Tanganyika, mkoani Kigoma, kwa kuwa huko ipo miwili inayofaa sana.

Wa kwanza ni wa Ujiji, ambako Henry Morton Stanley alimkuta David Livingstone mwaka 1871. Mwaka 1844 Livingstone alikuwa ameshambuliwa na simba huko Mabotsa, Afrika Kusini. Watu husimulia kwamba simba alimuumiza bega. Lakini mfupa uliovunjika ulikuwa ule wa mkono wa juu wa kushoto, nao haukuunga sawasawa. Alipofariki mwaka 1873, Chuma, Susi na wenzao waliuchukua mwili wake hadi pwani. Ulipofika London mwaka 1874, alama ya mfupa huo ndiyo iliyothibitisha kwamba maiti ni yake. Hapo twaona faida ya kuutaja mfupa kwa jina lake.

Mfano wa pili wahusu mtulinga wenyewe. Neno kidari lafahamika kwa wauza nyama, maana ndilo jina la nyama ya kifua. Lakini buchani hatuwezi kujifunza mtulinga, kwa sababu ng'ombe, mbuzi na kondoo hawana mfupa huo. Miguu yao ya mbele imeshikamana na kiwiliwili kwa misuli mitupu. Anayetaka kumwona mnyama mwenye mtulinga na aende Gombe, kaskazini ya mji wa Kigoma, ambako Jane Goodall alianza kuwachunguza sokwe mwaka 1960, na ambako palifanywa Hifadhi ya Taifa mwaka 1968. Sokwe huning'inia mitini kwa mikono yake. Mtulinga hulitenga bega na kifua, hata mkono ukapata nafasi ya kuinuka na kuzunguka. Kwa binadamu kazi yake ni hiyo hiyo: mvuvi apigaye kafi ziwani na mchukuzi anayejitwika gunia wote wanautegemea.

Mtulinga umelala juu ya ubavu wa kwanza, nao umepinda mara mbili mfano wa herufi S. Ncha yake ya nje imeungana na kombe la bega. Ya ndani imeungana na sehemu ya juu ya kidari. Msomaji akiweka kidole katika kishimo kilicho chini ya koo, atazigusa ncha mbili za ndani, kulia na kushoto. Akiinua mkono, atahisi ncha ya upande huo ikisogea. Hapo ndipo penye kiungo tunachokizungumzia. Hicho ndicho kiungo pekee cha mfupa kwa mfupa kinachoufunga mkono mzima na kiwiliwili, kwani kombe la bega limeshikwa mgongoni kwa misuli tu. Ndani yake mna kisahani cha gegedu kinachoigawa nafasi ya kiungo sehemu mbili, na nje kimezungukwa na kano imara.

Kwa sababu ya uimara wa kano hizo, mtu akiangukia bega mara nyingi mtulinga huvunjika kabla ya kiungo hicho kuteguka. Lakini kikiteguka, upande una maana kubwa. Ncha ya mtulinga ikitokeza mbele, huonekana kama uvimbe. Ikirudi nyuma, yaweza kubana njia ya hewa na mishipa mikubwa ya damu, na mgonjwa hana budi kupelekwa hospitali mara moja. Kitabu kikisema "bega limeteguka" tu, mhudumu aweza kuufunga mkono kwa kitambaa na kumwambia mgonjwa akapumzike nyumbani.

Kwa hiyo tunapendekeza kwamba mtulinga na kidari yatumike kwa mifupa hiyo miwili peke yake, na kwamba mahali inapoungana paitwe kiungo cha mtulinga na kidari. Ncha ya nje nayo itakuwa na kiungo cha mtulinga na kombe. Neno kano, kwa kuwa latumika pia kwa kile kinachofunga msuli na mfupa, liandikwe "kano za kiungo" panapohofiwa utata. Majina haya ni marefu kidogo, lakini asomaye huyaelewa bila kamusi. Tunawaomba wafasiri na walimu wayatumie bila kuyabadilisha kutoka ukurasa hadi ukurasa, kwani mgonjwa mmoja aweza kusomewa ukurasa mmoja tu.