Maleba, Tabaka na Mapenzi katika Filamu za Vijana: Usomaji kutoka Ukanda wa Dhahabu wa Geita na Shinyanga

Makala haya yanafafanua namna maleba yanavyobeba maana ya kitabaka katika filamu za mapenzi ya vijana, na sababu za maana hiyo kubadilika filamu hizo zinaposomwa kwa jicho la mtazamaji wa Kahama, Katoro au Nyarugusu.

Katika utanzu huu, tabaka hurithiwa nalo vazi hulitangaza. Mfano bayana ni filamu ya Kimarekani ya Pretty in Pink (1986), iliyoandikwa na John Hughes na kuongozwa na Howard Deutch. Andie, binti wa baba asiye na kazi ya kueleweka, huvaa nguo kuukuu na nyingine za kujishonea. Blane, ampendaye, ni mtoto wa matajiri. Katika mwisho wa awali Andie alibaki na Duckie, rafiki wa tabaka lake. Watazamaji wa majaribio waliukataa, ukapigwa upya ili ampate Blane. Kiumeni (2017) ya Nicholas Marwa inaurejelea muundo huo jijini Dar es Salaam: kijana wa uswahilini na binti wa geti kali.

Katika ukanda wa dhahabu muundo huo hulegea. Mtumba, kwanza, si aibu; siku ya mnada mwalimu na mchimbaji huinamia rundo lilelile. Zito zaidi ni kwamba fedha ya machimbo hairithiwi wala haikai. Mchimbaji mdogo aliyeshinda duarani kwa chakula cha mkopo anaweza kupata mawe mazuri, akavaa kitajiri mwezi mmoja, kisha akarudi kukopa. Vazi lake hueleza bahati yake, si tabaka lake. Tabaka liko kwa mwenye leseni, mwenye karasha na mnunuzi wa dhahabu, ambao si lazima wapendeze kumshinda. Tangu migodi mikubwa ianze uzalishaji, Geita mwaka 2000 na Bulyanhulu 2001, limeongezeka vazi jingine: sare ya kazi yenye mistari inayong'aa. Mhakiki aliyezoea kutafuta utajiri kwenye suti huenda asiione, ilhali ndiyo inayotangaza mshahara wa kila mwezi.

Vazi lenye uzito kuliko yote, hata hivyo, ni sare ya shule. Utafiti wa kitaifa wa demografia na afya wa 2010 ulionesha kuwa asilimia 59 ya wanawake wa Shinyanga wenye umri wa miaka 20 hadi 24 waliolewa kabla ya kutimiza miaka 18. Marekebisho ya Sheria ya Elimu ya 2016 yaliweka kifungo cha miaka 30 kwa anayemwoa mwanafunzi au kumpa mimba. Katika muktadha huo, lile tukio pendwa la mpenzi mwenye fedha kumnunulia msichana gauni haliwezi kuhakikiwa kama ishara ya mapenzi pekee. Swali la kitabaka ni nani aliyelipa, na anatarajia nini.

Kwa sababu hiyo gauni la Andie, ambalo wahakiki wengi wamelicheka kwa ubaya wa mshono, lastahili kusomwa upya. Amelikata mwenyewe kutokana na magauni mawili, moja la rafiki yake, jingine la baba yake. Hakuna uzi wake uliotoka kwa Blane.