Maji ya Mvua ndani ya Garaji
Kule Yangambi, kwenye mto chini ya Kisangani, mvua ya mwaka hufika karibu milimita 1,800. Basi paa la mita 20 za mraba hupokea lita 36,000, ndiyo mapipa 180 ya lita 200, na yote huanguka kando ya ukuta wa garaji.

Matambara chini ya mlango hayasaidii. Bibi zetu wanachoka kuyakamua bure. Chimba mfereji mbele ya kizingiti, uteremke mbali na nyumba, na kizingiti ukiinue kwa simenti.

Lakini matundu ya hewa usiyazibe! Ninyi wa shimoni mnaijua hewa mbaya. Moshi wa pikipiki una gesi isiyo na harufu: kichwa huuma, miguu hulegea, mtu hulala asiamke. Isukume nje, ndipo uiwashe. Jenereta usiiwashe humo kabisa, hata mlango ukiwa wazi.