Kivutio kikistaafu, mali hubaki kwa nani?

Dagaa asiyenunuliwa leo katika soko la Mwaloni, Kirumba, kesho huuzwa kwa bei ya chini, na akizidi kukaa huishia kwa wasaga chakula cha kuku. Kila mwenye gunia pale Mwaloni anajua bei ya mwisho ya mali yake kabla hajatoa fedha mfukoni. Wanaoingiza mtaji katika starehe za watoto, yaani mabembea ya kuzunguka, magari madogo ya betri na yale majumba ya turubai yanayojazwa upepo, ni nadra kujiuliza swali hilo. Chombo kikichoka, au watu wakikichoka, kitauzwa kwa nani na kwa shilingi ngapi?

Kwa wakazi wa Mwanza jibu moja liko mbele ya macho, mwendo wa dakika chache kwa boti kutoka Capri Point. Kisiwa cha Saanane, kilichopewa jina la Mzee Saanane Chawandi aliyekuwa mwenyeji wake, kilifanywa mwaka 1964 kuwa bustani ya kwanza ya wanyama ya serikali hapa nchini. Nia ilikuwa kuwapa watu wa mji mahali pa mapumziko, kuwafundisha juu ya wanyamapori, na kuwahifadhi kwa muda wanyama waliokuwa wakisubiri kuhamishiwa kisiwa cha Rubondo. Kwa lugha ya sokoni, sehemu ya Saanane ilikuwa ghala la kupitishia mzigo.

Bustani ya wanyama ni biashara ngumu. Simba aliye kizimbani hula nyama Jumatatu ya mvua, wakati hakuna mgeni hata mmoja getini, kama anavyokula siku ya Krismasi. Bembea angalau halili. Mwaka 1991 Saanane ilipandishwa kuwa pori la akiba, na mwaka 2013 ikawa Hifadhi ya Taifa, ndogo mno, ya kilometa za mraba 2.18 maji yakiwemo. Kilichokuwa kikiuzwa mwanzoni, mnyama wa kuangaliwa kwenye kizimba, kilishuka daraja. Anachofuata mgeni sasa ni mawe makubwa, upepo wa ziwa, swala pala na pimbi wanaotembea huru, na mahali pa kukaa na familia mchana kutwa. Bidhaa imebadilika lakini ardhi ni ile ile, na ardhi ndiyo iliyobeba thamani wakati wote huo.

Rubondo nayo ina hesabu yake, tena ya kushangaza zaidi. Kati ya mwaka 1966 na 1969 Shirika la Wanyama la Frankfurt lilileta pale sokwe 17 waliokuwa wamefungwa katika mabustani ya wanyama ya Ulaya. Hao walikuwa vivutio vilivyostaafu kwa maana kamili ya neno: wanyama waliokwisha kazi ya kuonyeshwa, ambao kule wangeendelea kuwa gharama. Wakaachiwa msituni, wakazaliana, na Rubondo ikawa Hifadhi ya Taifa mwaka 1977. Leo wageni hulipa kwenda kuwatafuta wajukuu wa sokwe hao. Mali iliyoandikwa sifuri katika daftari moja imekuwa mtaji katika daftari jingine, ingawa ilichukua miaka mingi ambayo mfanyabiashara wa mkopo wa benki hawezi kuisubiri.

Vyombo vya chuma havizaliani. Bembea kubwa la duara lililojengwa na mhandisi George Ferris kwa maonyesho ya Chicago mwaka 1893 lilikuwa na vibanda 36, kila kimoja cha kubeba watu hadi 60. Nauli ilikuwa senti 50 za dola, na katika msimu ule mmoja liliingiza zaidi ya dola 700,000. Maonyesho yalipofungwa wenyewe hawakukubali kuliachia. Walilifungua, wakalihamishia mtaa mwingine wa mji huo huo, na pale likakaa miaka kadhaa likila hasara. Mwaka 1903 lilinadiwa kwa dola 1,800, likanunuliwa na kampuni ya kubomoa majengo. Likafanya kazi mara moja zaidi, katika maonyesho ya St. Louis mwaka 1904, kisha mwaka 1906 likalipuliwa kwa baruti na kuuzwa kama chuma chakavu. Ferris mwenyewe alikwisha kufariki mwaka 1896. Kosa la wenye mali halikuwa kujenga, kwani faida ilipatikana. Kosa lilikuwa kudhani kwamba umati wa maonyesho utalifuata bembea popote litakapokwenda.

Mwenye mtaji wa Kirumba ana umati wa namna hiyo hiyo: Idd, Krismasi, Pasaka, na siku za mechi kubwa katika uwanja wa CCM Kirumba. Chukua mfano wa makisio tu. Jumba la upepo limenunuliwa kwa shilingi milioni 10, nalo linaingiza shilingi 200,000 kwa siku nzuri, kwa siku 25 za mwaka. Hiyo ni milioni 5. Toa kodi ya kiwanja, mafuta ya jenereta, vijana wawili wa kusimamia na viraka; tuseme milioni 2. Zinabaki milioni 3. Turubai likichanika vibaya mwishoni mwa mwaka wa tatu, mtaji haujarudi, bado milioni moja. Atakayenunua mabaki atataka mashine ya kupuliza peke yake. Turubai lenyewe litafunikia magunia ya dagaa, na bei yake itakuwa ya turubai.

Mambo hubadilika pale mwenye chombo anapokuwa pia na haki ya kiwanja kwa mkataba wa miaka. Zanzibar, viwanja vya kufurahishia watoto vya Kariakoo, Unguja, na Tibirinzi, Pemba, viko chini ya Mfuko wa Hifadhi ya Jamii (ZSSF). Mfuko kama huo unaweza kung'oa bembea bovu na kuweka jingine, kwa kuwa mteja amezoea mahali. Aliyepanga kiwanja kwa siku mbili za Idd hana uwezo huo. Mwakani akikuta pamegawiwa mwingine, anabebesha vyuma vyake kwenye Fuso kwenda kutafuta wateja upya.

Kwa hiyo anayeonyeshwa chombo cha mtumba kwa bei ya kutupa aanze kwa kumuuliza muuzaji kilitoka kiwanja gani na kwa nini kimeondolewa. Kama ni kwa sababu watoto wa mahali pale wamekichoka, huenda wa Kirumba hawajakiona, na hapo kuna biashara. Kama ni kwa sababu ya fani, mota au mnyororo, apite kwanza kwa fundi, na bei ya vyuma chakavu kwa kilo aiulize siku hiyo hiyo.