Je, Wajua? Hardy Krüger, Nyota wa Kijerumani wa Momella

Wapenzi wa filamu za vita za zamani wanaijua sura yake: kijana wa nywele za dhahabu aliyevalia sare ya jeshi la Ujerumani. Sare hiyo ilimlisha miaka mingi, naye aliichukia tangu ujana wake.

Je, wajua kwamba uigizaji ulimfuata shuleni? Krüger alizaliwa Berlin tarehe 12 Aprili 1928, na wazazi wake walikuwa wafuasi wa Hitler. Walimpeleka Sonthofen, Bavaria, katika shule iliyoandaa viongozi wa kesho wa chama cha Nazi. Huko ndiko alikochaguliwa kuigiza katika *Junge Adler* (1944), filamu ya propaganda kwa vijana. Akiwa kazini, mwigizaji mwenzake aliyemzidi umri, Hans Söhnker, alimfumbua macho kuhusu uovu wa utawala ule.

Je, wajua kwamba aliponea chupuchupu kuuawa na jeshi lake mwenyewe? Mwaka 1945, vita vikielekea ukingoni, aliingizwa katika kikosi cha SS, jeshi la chama cha Nazi. Alipoamriwa kuwafyatulia risasi askari wa Marekani, alikataa. Akahukumiwa kifo kwa kosa la woga, kisha ofisa mmoja akaizuia hukumu hiyo. Baadaye akatoroka. Hapo alikuwa hajafikisha hata miaka 18.

Je, wajua kwamba Waingereza ndio waliompa umaarufu wa kimataifa? Miaka 12 tu baada ya vita, katika *The One That Got Away* (1957), aliigiza kama rubani Franz von Werra, mfungwa wa vita wa Kijerumani aliyetoroka kwenye treni nchini Kanada na kufanikiwa kurudi kwao. Watazamaji wa Uingereza walijikuta wakimshangilia adui wa jana.

Je, wajua kwamba katika filamu yake *Hatari!* wanyama walikimbizwa kweli? Mwongozaji Howard Hawks alipiga picha zake Tanganyika, muda mfupi kabla ya Uhuru. Gari lilimfukuza faru mbugani, na John Wayne alikaa kwenye kiti kilichofungwa mbele ya gari hilo, mkononi ameshika mti mrefu wenye kitanzi cha kamba. Krüger alicheza kama Kurt, dereva wa magari ya mashindano.

Je, wajua kwamba filamu hiyo ilipokwisha yeye hakukubali kuachana na nchi hiyo? Alinunua shamba Momella, chini ya Mlima Meru, mahali ambapo kabla yake palikuwa pa mwindaji mashuhuri wa Kijerumani, Margarete Trappe. Aliishi huko zaidi ya miaka kumi, akienda Ulaya na Marekani kuigiza na kurudi. Binti yake mmoja anaitwa Malaika. Mwaka 1970 alichapisha kitabu kuhusu shamba hilo, na leo hapo kuna hoteli ya watalii, Hatari Lodge.

Je, wajua kwamba katika *The Flight of the Phoenix* (1965) yeye ndiye aliyetegemewa na wote waliokwama jangwani? Ndege yao imeanguka, naye ni mhandisi anayewaongoza kuunda nyingine kutokana na mabaki. Kazi ikikaribia kwisha, wenzake wanagundua kwamba ndege alizozoea kubuni ni za kuchezea.

Je, wajua kwamba katika *A Bridge Too Far* (1977) alicheza kama jenerali wa SS, na kila kamera ilipozimwa alivaa koti juu ya sare ili asikumbushwe utoto wake?

Je, wajua kwamba televisheni nayo ilimfaidi? Alicheza kama Jemadari Rommel katika *War and Remembrance* (1988), na Wajerumani walimfuata duniani kote kupitia kipindi chake cha safari, *Weltenbummler*.

Uzeeni alizunguka shuleni Ujerumani kuwaonya wanafunzi dhidi ya itikadi iliyomlea yeye. Alifariki California tarehe 19 Januari 2022, akiwa na miaka 93.