Jina na Njia: Asili na Uenezi wa Mnanaha, kwa Kurejelea Njombe na Makambako



1. Utangulizi

Katika mashamba ya nyanda zetu za juu huota gugu lenye majani mapana ya kingo za meno, harufu mbaya, maua yenye umbo la tarumbeta, na tunda la miiba lipasukalo sehemu nne. Kwa Kiswahili huitwa mnanaha, au muranha. Wataalamu wa mimea huliita Datura stramonium. Nakusudia kuuliza gugu hili lilitoka wapi, na majina yanatusaidia kiasi gani kulijua hilo. Hoja yangu ni kwamba jina la mmea aghalabu hushuhudia njia uliyopitia kuliko mahali ulipozaliwa.

2. Ukoo wa mnanaha

Mnanaha ni wa jamii ya mnavu, ukoo uliochanganya wema na waovu. Humo mna nyanya, bilinganya, pilipili, tumbaku na viazi mviringo. Mna mnavu wenyewe, mboga ipendwayo na wengi. Na mna mtunguja, ambao matunda yake ya manjano wengine huyaita ndulele. Mkulima wa Njombe anapong'oa mnanaha katika shamba la viazi, anang'oa jamaa wa mbali wa zao lake. Kiazi chenyewe kikiachwa juani kikageuka kijani, hakikosi sumu.

Kiingereza huikusanya mimea kadhaa ya ukoo huu, ya kuliwa na ya kuua, chini ya neno moja. Kiswahili hakikufanya hivyo: mnavu ni mnavu, mtunguja ni mtunguja, mnanaha ni mnanaha. Mama amtumaye mtoto kuchuma mnavu hatumii neno ambalo ndani yake amejificha muuaji.

3. Ushahidi wa majina na mipaka yake

Jina Datura, alilolitumia Linnaeus mwaka 1753, lina asili ya Kisanskriti. Lilihusu ndugu wa mmea huu aliyejulikana India tangu kale. Kwa sababu hiyo, miongoni mwa nyingine, wapo waliodhani kwamba gugu lenyewe ni la Asia. Leo wataalamu wanakubaliana kwamba chimbuko lake ni Amerika, hususan Meksiko, na kwamba lilisambaa duniani baada ya safari za Columbus. Huko Marekani huitwa kwa jina litokanalo na mji wa Jamestown, ambako mwaka 1676 askari wa Uingereza waliupika wakidhani ni mboga, wakarukwa na akili kwa siku kadhaa.

Kiswahili nacho kina mifano ya namna hii. Mahindi yamebeba jina la India, ilhali chimbuko lake ni Meksiko. Viazi ulaya vimepewa jina la bara lililovipeleka kwingine, ilhali vilizaliwa katika milima ya Andes. Mnanaha umekwenda mbali zaidi: umevikwa kiambishi cha ngeli ya M-/MI- kama mvule na mkwaju, ukaonekana mwenyeji.

4. Njia za uenezi

Tunda moja la mnanaha hubeba mamia ya mbegu, na mbegu hizo huweza kukaa udongoni miongo kadhaa bila kufa. Gugu hupenda ardhi iliyochimbuliwa: kingo za barabara, majalala, mazizi na mashamba mapya. Mbegu husafiri ndani ya nafaka, katika udongo na kwa maji. Tuitazame Makambako. Hapo barabara ya Dar es Salaam hadi Mbeya hukutana na ile iendayo Njombe na Songea, na hapo hupita reli ya TAZARA iliyojengwa kati ya 1970 na 1975. Mahali ambapo nafaka hupakiwa, hushushwa na kufagiliwa, mbegu za magugu nazo hupata pa kutua. Hatuhitaji kumtafuta mtu aliyelileta, gunia linatosha.

5. Gharama ya kutolijua

Sehemu zote za mnanaha zina sumu, zikiwemo atropini na skopolamini. Aliyeila hukauka kinywa, mboni zake hutanuka, moyo humwenda mbio, naye huweweseka. Kupika hakutoi dhamana ya usalama. Mwaka 1991 jarida la kitabibu lilichapisha habari za watu waliopokelewa katika hospitali ya Usangi, mkoani Kilimanjaro, kwa sumu ya mmea huu iliyoingia katika chakula. Mwaka 2019, huko Karamoja, Uganda, watu wapatao 300 waliugua na watano wakafa baada ya kula uji wa unga wa msaada uliochanganyika na sumu za aina hii.

6. Hitimisho

Kamusi inayofafanua mnanaha kuwa “aina ya mmea” imesema kweli, lakini haijamwokoa mtu. Fafanuzi itaje tunda la miiba, mbegu na sumu. Nawaomba wanafunzi wetu wakusanye majina ya gugu hili katika Kibena, Kihehe na Kikinga, na kila jina liambatane na tawi lililokaushwa, ili tusije tukalipa gugu jina la mboga. Kosa la leksikografia hapa haliishii kitabuni, huingia chunguni.