Ndugu akichukuliwa na kila kituo kikasema hayupo

Tuseme kijana amechukuliwa alfajiri katika mwalo wa Igombe, Mwanza, mitumbwi ya dagaa ikiingia, na watu waliojitambulisha kuwa ni polisi. Mama yake anazunguka vituo vya Ilemela na Nyamagana. Kila kaunta anajibiwa hayupo. Mama huyu bado ana pa kwenda. Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, katika kifungu ambacho mawakili wamekizoea kwa namba 390, inaipa Mahakama Kuu uwezo wa kuamuru anayeshikiliwa aletwe mbele ya jaji, na kama ameshikiliwa isivyo halali, aachiwe. Maombi hayo ndiyo habeas corpus. Huletwa chini ya hati ya dharura, na kiapo cha ndugu kinatosha kuyaanzisha.

Sisi wa kanda ya ziwa tuna sababu ya kuyajali. Mwaka 1976, katika msako wa watuhumiwa wa mauaji Mwanza na Shinyanga, watu waliteswa wakiwa mikononi mwa dola na baadhi wakafa. Mwaka 1977 Ali Hassan Mwinyi, Waziri wa Mambo ya Ndani, alijiuzulu. Baadaye maofisa kadhaa walitiwa hatiani. Uwajibikaji ule ulikuwa wa kweli, ila waliokufa walikuwa wameshazikwa. Habeas corpus imewekwa ili jaji aulize mapema, mtu angali hai.

Ugumu wake uko kwenye ushahidi. Katika shauri la Lesinoi Ndeinai la 1980, hakuna aliyebisha kwamba waombaji wako kizuizini. Ubishi ulikuwa juu ya uhalali, na Mahakama ya Rufani ikaona hawakushikiliwa kihalali. Agosti 2024 hali ilikuwa nyingine. Deusdedith Soka, kiongozi wa vijana wa CHADEMA Temeke, alitoweka na wenzake wawili. Polisi walikana kuwa nao, na Mahakama Kuu Dar es Salaam ikayatupa maombi kwa kukosa ushahidi wa kutosha kwamba polisi ndio waliowashikilia.

Naona mzigo huo ni mzito mno kwa familia. Ushahidi wenyewe, kuanzia kitabu cha mahabusu, uko kabatini kwa anayelalamikiwa. Ndugu akishaonyesha kwa kiapo kinachoaminika nani alichukuliwa, wapi na namna gani, ingefaa mjibu maombi ndiye atoe vitabu na maelezo. Kenya imeipa habeas corpus yenyewe uzito wake: ibara ya 25 ya Katiba ya 2010 inaiweka haki ya habeas corpus kati ya zile zisizoweza kuwekewa mipaka.

Kwa sasa, saa za kwanza zina thamani kubwa. Andika namba ya gari, saa, sura, na jina la askari aliyekujibu kaunta. Omba namba ya RB, yaani ya taarifa yako katika kitabu cha polisi. Muuza dagaa aliyeshuhudia aape mwenyewe, kwa sababu kiapo cha mama kinachosema “niliambiwa” bila kumtaja aliyemwambia hutupwa.